Kitenge, sufuria na jiko: vimetoka wapi?

Katika ukurasa wetu wa familia mwezi huu tunabaki ndani ya nyumba zetu wenyewe. Tunatazama vitu vitatu tu, ambavyo karibu kila familia ilifika navyo hapa kambini au ilivipata wiki ile ya kwanza: kitenge cha kumbebea mtoto, sufuria, na jiko, hata kama siku ile jiko lenyewe lilikuwa mawe matatu yaliyookotwa kando ya njia.

Mtu akikuuliza vitu hivi ni vya nani, utajibu bila kufikiri: ni vya kwetu. Kitenge ni vazi la mama wa Kiafrika, sufuria ni ya jikoni kwetu, jiko tumelikuta kwa bibi. Lakini tukivifuata nyuma tunakuta vimetembea safari ndefu kuliko yetu. Kimoja kilianzia Asia kikakosa soko. Kingine kiliwahi kuwa mali ya mezani kwa wafalme. Cha tatu kina ndugu zake Thailand na Guatemala. Hebu tuvifuate kimoja kimoja.

KITENGE: MGENI ALIYEKOSA SOKO

Habari ya kitenge inaanza kwenye kisiwa cha Java, katika nchi ambayo leo ni Indonesia. Kwa karne nyingi wanawake wa kule walipamba vitambaa kwa nta. Fundi anashika kikopo kidogo cha shaba chenye mdomo mwembamba kama wa birika, anakijaza nta ya moto, kisha anachora nayo taratibu juu ya kitambaa. Kitambaa kikitumbukizwa kwenye rangi, pale penye nta rangi haipiti. Nta ikiyeyushwa na maji ya moto, mchoro unabaki. Ukitaka rangi ya pili, unaanza tena kupaka nta na kutumbukiza. Kitambaa kimoja kizuri kiliweza kula wiki nyingi, hata miezi. Kazi hiyo ndiyo inaitwa batiki.

Java ilikuwa chini ya Waholanzi, na wafanyabiashara wao walipoiona kazi hiyo wakapiga hesabu: tukiitengeneza kwa mashine, tutauza kwa bei ya chini na kupata faida. Mwaka 1846 Pieter Fentener van Vlissingen alianzisha kiwanda cha vitambaa katika mji wa Helmond, Uholanzi. Kiwanda hicho ndicho baadaye kikaitwa Vlisco. Katika miaka ya 1850, katika mji mwingine wa Uholanzi, Haarlem, mwenye kiwanda aitwaye Prévinaire akapata mashine iliyopaka utomvu wa miti pande zote mbili za kitambaa, mahali pa nta ya mkono.

Ila mashine ile ilikuwa na kasoro. Utomvu ulipokauka ulipasuka, na rangi ikapenya ndani ya nyufa, ikaacha mistari midogo midogo kama mishipa ya jani. Watu wa Java walikuwa na macho yaliyozoea kazi safi ya mkono, na hawakuifurahia bidhaa hiyo. Soko likawa gumu.

Basi mzigo ukatafuta wanunuzi wengine. Miaka ya 1890 mfanyabiashara Mskoti, Ebenezer Brown Fleming, alikuwa akiuza vitambaa hivyo Gold Coast, ambayo leo ni Ghana. Huko ile kasoro ikageuka uzuri. Wanunuzi waliipenda mistari ile kwa sababu ilifanya kila kipande kiwe na sura yake. Kile kilichokataliwa Java kikapendwa Afrika.

Na hapo ndipo wamama wa sokoni wanapoingia. Kiwanda kilikuwa mbali, hakikujua watu wanapenda nini. Wauzaji wanawake ndio walijua. Mjini Lomé, Togo, wafanyabiashara wa vitenge walipata utajiri mkubwa, hasa miaka ya 1960 na 1970, hata wakaitwa Nana Benz kwa sababu ya magari yao ya Mercedes-Benz. Wao ndio waliovipa vitenge majina, na bila jina kitenge kilikuwa hakiendi. Kuna kimoja kina ndege anatoka kwenye tundu lililo wazi, na jina lake kwa Kifaransa maana yake ni “Ukitoka, nami natoka.” Mke akikivaa, mume anaelewa bila kuambiwa!

Wasomaji wetu kutoka Kongo hawahitaji kufundishwa. Kule kwetu wax ya Hollandais inakaa chini ya sanduku, inatolewa siku ya harusi, na mara nyingi inatajwa kwenye orodha ya mahari. Wenyeji wetu Watanzania wana kanga, ambayo ni binamu yake. Kanga ilizaliwa pwani ya Afrika Mashariki katika karne ya 19, wakati wanawake walipochukua leso zilizouzwa kwa mkato, wakazishona pamoja kupata vazi moja. Neno leso lenyewe ni la Kireno. Tofauti ni kwamba kanga inasema kwa maandishi, na kitenge kinasema kwa picha.

Ushauri kwa anayenunua. Siku hizi vitenge vingi sokoni vimepigwa chapa upande mmoja tu, na vingine vinauzwa kwa bei ya wax. Kabla ya kutoa hela yako, fanya hivi:

- Geuza kitambaa. Wax ya kweli ina rangi ile ile pande zote mbili, huwezi kujua upi ni mbele. Kama nyuma kumefifia, hiyo ni chapa ya upande mmoja.
- Tafuta ile mistari ya nyufa, kisha linganisha sehemu mbili za mchoro ule ule. Kwenye wax mistari haifanani kabisa. Ikifanana kila mahali, imechorwa kwa mashine kuiga.
- Usiamini maandishi ya pembeni peke yake. Hata waigaji wanajua kuandika.

Kitenge cha chapa si kibaya, kinavaliwa na kinabeba mtoto vizuri tu. Ubaya ni kulipa bei ya kitu kimoja na kurudi nyumbani na kingine, hasa kama pesa hiyo ulikuwa umeiweka kwa ajili ya daftari za watoto.

SUFURIA: MADINI YA WAFALME

Jina la sufuria linatoboa siri yake. Limetoka kwenye Kiarabu, kwenye neno la shaba. Shaba iliondoka jikoni, jina likabaki. Sufuria nyingi tunazopikia leo ni za alumini.

Sasa sikiliza maajabu. Alumini ndiyo metali iliyo nyingi kuliko zote kwenye ganda la dunia, karibu asilimia 8 ya uzito wake. Hata ule udongo mwekundu tunaofyatulia matofali una alumini ndani yake. Lakini imeshikana na oksijeni kwa nguvu sana, na moto wa mhunzi hauwezi kuitoa. Mdenishi Hans Christian Ørsted alifaulu kupata kiasi kidogo tu mwaka 1825, na kwa miaka mingi baada ya hapo ilibaki adimu na ghali.

Inasimuliwa kwamba Napoleon III wa Ufaransa, alipofanya karamu, aliwapa wageni wa heshima kubwa vijiko na uma za alumini, na wale wengine wakatumia za dhahabu. Mwaka 1884 Wamarekani walipomaliza kujenga mnara wa kumbukumbu ya Washington, walitaka kuweka kileleni kitu cha thamani. Wakaweka ncha ya alumini, ambayo uzito wake haukufika kilo 3. Leo mama mmoja sokoni anaweza kubeba kichwani alumini nyingi kuliko hiyo!

Mambo yalibadilika mwaka 1886. Vijana wawili ambao hawakujuana, mmoja Marekani na mwingine Ufaransa, waligundua njia ile ile katika mwaka ule ule. Charles Martin Hall alifanya majaribio yake kwenye kibanda cha kuni nyuma ya nyumba yao huko Oberlin, Ohio, na dada yake Julia, aliyekuwa amesoma kemia, alimsaidia. Mwenzake aliitwa Paul Héroult. Wote wawili walizaliwa mwaka 1863, na wote wawili walifariki mwaka 1914. Njia yao ilikuwa kuyeyusha madini ndani ya chumvi ya moto na kupitisha umeme. Bei ya alumini ikaporomoka, na madini ya wafalme yakaingia jikoni kwa watu wa kawaida.

Alumini ina sifa moja iliyowapa kazi mafundi wetu. Chuma kinayeyuka kwenye joto la nyuzi 1,538. Alumini inataka nyuzi 660 tu, na moto wa mkaa unaopulizwa vizuri kwa mivukuto unafika hapo. Kwa hiyo hata mahali pasipo kiwanda wala umeme, sufuria inaweza kuzaliwa.

Kazi inakwenda hivi. Fundi anakusanya alumini chakavu: sufuria zilizotoboka, nyaya, vipande vya injini. Anachukua mchanga laini wenye unyevu kidogo, anaushindilia ndani na nje ya sufuria ya zamani iliyo ndani ya fremu ya mbao. Kisha anafungua fremu na kuitoa ile sufuria polepole. Panabaki nafasi tupu yenye umbo lake, hiyo ndiyo kalibu. Anafunga tena, anamimina alumini iliyoyeyuka kupitia tundu dogo, anasubiri ipoe, anavunja mchanga. Kilichobaki ni kupiga tupa. Mchanga ukiwa mkavu sana kalibu inabomoka. Ukiwa na maji mengi, maji yanageuka mvuke ghafla na alumini ya moto inaruka, inaweza kumuunguza fundi vibaya. Fundi mzoefu anafinya mchanga kiganjani na kujua. Kipimo hicho hakiandikwi, kinafundishwa kwa mkono.

Lakini hapa kuna jambo la kuangalia sana, wazazi. Chakavu si zote zina usalama. Betri na rejeta za magari zina madini ya risasi, na risasi ikiingia mwilini mwa mtoto inaharibu akili yake pole pole, bila homa na bila dalili ya haraka. Uchunguzi wa mwaka 2014 ulikuta risasi ikitoka kwenye sufuria za kumiminwa nchini Kamerun. Mwingine wa mwaka 2017 ulipima vyombo 42 kutoka nchi 10, Kenya na Tanzania zikiwemo, na karibu theluthi moja vilikuwa na hatari ya risasi.

Tufanye nini basi? Fundi, usitie kabisa betri, rejeta wala vipande vya redio kwenye chungu chako cha kuyeyushia. Mama, usilaze chakula chenye nyanya, ndimu au siki ndani ya sufuria ya kumiminwa, kwa maana ukali wake unatoa metali nyingi zaidi. Na ule weusi mwembamba unaojitokeza ndani ya sufuria ya alumini usiusugue kwa mchanga kila siku. Unasaidia kuikinga.

JIKO: MAWE MATATU NA NDUGU ZAKE

Mafiga matatu ni jiko la zamani mno. Linasimama hata pasipo usawa, linapokea sufuria ya ukubwa wowote, na halinunuliwi. Ndiyo maana mtu aliyefika leo anaanza nalo. Shida yake tunaijua: moto unakimbia pande zote, upepo unaupeleka, na kuni zinaisha kabla maharage hayajaiva.

Jiko la mkaa la bati lilikuja baadaye. Mwaka 1896 Waingereza walianza kujenga reli kutoka Mombasa kwenda Ziwa Victoria, wakaleta wafanyakazi wapatao 32,000 kutoka India. Reli ilifika Kisumu mwaka 1901. Inaelezwa kwamba ni wafanyakazi hao waliokuja na jiko la bati, na mafundi wa Kenya wakalichukua. Ila bati halishiki moto. Nusu unapika chakula, nusu unapasha hewa.

Mwaka 1981 Umoja wa Mataifa ulifanya mkutano mkubwa wa nishati mjini Nairobi, na habari ya majiko ikapata nguvu. Wataalamu walitazama jiko la Thailand, ambalo ni ndoo iliyotiwa udongo wa mfinyanzi ndani. Wazo lilikuwa zuri, lakini jiko lenyewe lilikuwa zito. Wabunifu kama Maxwell Kinyanjui, pamoja na mafundi wa jua kali wa Shauri Moyo, Nairobi, walilibadilisha. Wakalipa kiuno chembamba, na udongo wakauweka sehemu ya juu tu, pale mkaa unapokaa. Mfinyanzi anatengeneza na kuchoma udongo, fundi bati anatengeneza ganda, kisha vinaunganishwa. Jiko hilo hupunguza mkaa kwa theluthi moja hadi nusu, na mafundi wa nchi nyingi za jirani wameliiga. Huko Rwanda majiko ya kubana matumizi yanaitwa rondereza, maana yake ni hiyo hiyo ya kutumia kwa uangalifu.

Na jiko la udongo la kuni, je? Hili nalo lina ndugu wa mbali, na ndugu huyo alizaliwa katika msiba. Tarehe 4 Februari 1976 tetemeko kubwa la ardhi lilipiga Guatemala, huko Amerika ya Kati, likaua watu wapatao 23,000. Watu walipokuwa wakijenga upya, likatengenezwa jiko la matope na mchanga lililoitwa Lorena. Jina limeunganishwa kutoka maneno mawili ya Kihispania: lodo, yaani matope, na arena, yaani mchanga. Lilisambaa nchi nyingi kwa sababu halikuhitaji pesa.

Baadaye watu walipima kwa makini wakakuta jambo la kushangaza. Lorena iliondoa moshi ndani ya nyumba, lakini mara nyingi haikuokoa kuni kama walivyotumaini. Kuta zake nene zilikula moto kabla sufuria haijapata wake. Mafiga matatu yaliyotunzwa vizuri yaliweza kulishinda! Ndipo mwaka 1982 Larry Winiarski akaja na mpango mwingine: mdomo mdogo wa kuni, njia ya moto inayopanda kama kiwiko, na kuta za kitu chepesi kisichonyonya joto. Kwa hiyo ukijenga jiko la udongo, usifikiri unene ndio uzuri. Changanya majani makavu yaliyokatwa au pumba kwenye udongo ili uwe mwepesi, na acha nafasi ndogo tu, kama unene wa kidole, kati ya sufuria na ukuta, moto upite ukiigusa.

Kwa sisi wa kambini hili si jambo la kupendeza macho tu. Kila mzigo wa kuni ni safari ya porini, na sote tunajua yaliyowakuta baadhi ya mama na mabinti katika safari hizo. Kila mti unaokatwa unaongeza pia maneno kati yetu na wenyeji. Kwa hiyo:

- Pasua kuni ziwe nyembamba, uzianike mpaka zikauke. Kuni mbichi inatumia moto wake kuchemsha maji yake yenyewe.
- Loweka maharage tangu usiku.
- Funika sufuria. Yakishaanza kuchemka, punguza kuni. Maji yanayochemka kwa fujo hayana joto zaidi ya yale yanayochemka taratibu.
- Kinga upepo, hata kwa kipande cha bati.
- Ukimaliza, vuta kuni nje na uzizime kwa mchanga. Kesho zitatumika.

UFUNDI UNABEBWA MIKONONI

Tumeona kwamba hakuna hata kimoja kati ya vitu hivi kilichofika kikiwa kamili. Kitenge kilipata majina kwa wamama wa sokoni. Alumini ilisubiri fundi wa mchanga. Jiko la Thailand lilisubiri mafundi wa Shauri Moyo walikate kiuno. Kitu kinakuwa chetu pale mkono wetu unapokitengeneza upya.

Kwenye njia ya kukimbia watu wengi walinyang'anywa mali: baiskeli, mbuzi, hata nguo. Ujuzi haukunyang'anywa mtu. Mfinyanzi wa Fizi amefika na ufinyanzi wake, fundi cherehani wa Bujumbura amefika na mkasi kichwani. Lakini ujuzi una hatari yake: usipofundishwa, unazikwa na mwenyewe. Kuna vijana wetu wanaona aibu kukaa karibu na fundi mwenye masizi mikononi, eti hiyo ni kazi ya asiyesoma. Wakumbuke kwamba Hall naye alikuwa msomi, na kazi yake iliyobadilisha dunia aliifanyia kwenye kibanda cha kuni.

KAZI YA FAMILIA MWEZI HUU

Watoto: chagueni kitu kimoja cha nyumbani, kinu, mkeka, mwiko, kikapu au ungo. Muulizeni bibi, babu au jirani mzee maswali haya matatu: Kinatengenezwa na nini? Nani alikufundisha? Kule kwetu kinaitwaje? Andikeni majibu kwenye daftari kwa lugha yenu na kwa Kiswahili.

Vijana: mtafuteni fundi mmoja katika mtaa wenu, mkae naye siku moja. Msiende kutazama tu, shikeni kazi.

Wazazi: mkijua kusuka, kufinyanga, kushona au kuhunzi, mchukueni mtoto mmoja, awe wenu au wa jirani, mmfundishe jambo moja mpaka aliweze.

Tunawatakia mwezi mwema, na moto usiokosa kuni.